Siku Moja Polonnaruwa: Mwongozaji na Amana ya Historia

Mgeni njoo, mwenyeji apone. Ndivyo walivyosema wahenga, na siku hizi tunapoutaja msemo huo fikira zetu aghalabu huelekea kwenye fedha anazoziacha mgeni hotelini na sokoni. Ni nadra kujiuliza swali la upande wa pili: mwenyeji naye ana nini cha kumpa mgeni, na ni nani anayekabidhiwa kazi ya kukitoa? Swali hili lilitujia tukiwa mbali na kwetu, katika kisiwa cha Sri Lanka, siku tulipoongozwa kuyatazama magofu ya Polonnaruwa, mji wa kale wa wafalme na mahekalu ya Kibuddha.

Sri Lanka si nchi ngeni kabisa kwa watu wa mwambao wetu. Bahari inayozilaza fukwe zetu ndiyo inayozilaza fukwe zake, na pepo za misimu zilizovisukuma vyombo vya wazee wetu zilivisukuma vya wazee wao pia. Ibn Battuta, msafiri mashuhuri wa Moroko, alifika Mombasa na Kilwa mwaka 1331, na mwaka 1344 akatia nanga Sri Lanka. Hata njiani siku ile tulijihisi kama tuko nyumbani. Basi letu dogo lilitoka Kandy alfajiri, likapita Matale penye mashamba ya viungo, na hapo tukaona mdalasini, hiliki, pilipili manga, kungumanga na mikarafuu. Mdalasini asili yake ni kisiwa hicho. Mkulima wa Unguja au Pemba angeshuka hapo na kuanza mazungumzo ya shamba bila kutafuta utangulizi.

Baada ya safari ya saa nne hivi tulifika Polonnaruwa. Wengi wetu tulitazamia kupelekwa moja kwa moja kwenye masanamu. Mwongozaji wetu, mtu wa makamo, mzaliwa wa wilaya hiyo, mwenye beji ya kibali kifuani, hakufanya hivyo. Alitusimamisha juu ya ukingo wa bwawa na kutuachia kitambo tulitazame. Bwawa hilo huitwa Parakrama Samudra, yaani Bahari ya Parakrama, kwa jina la Mfalme Parakramabahu wa Kwanza aliyetawala tangu mwaka 1153 hadi 1186. Ukingo wake una urefu wa kilomita zipatazo 14. Maji huletwa kwa mfereji kutoka mto Amban Ganga, nayo huenea hadi jicho likadhani limeona bahari kweli. Inasimuliwa kwamba mfalme huyo hakutaka tone la mvua lifike baharini kabla ya kumfaa binadamu.

Ukiona vyaelea, vimeundwa. Mwongozaji alitueleza kwamba hakuna hekalu lililojengwa na watu wenye njaa. Mpunga ulionyweshewa kwa maji hayo ndio uliowalisha wachongaji, wachoma matofali, askari na watawa. Majina ya wafalme yameandikwa katika mawe, lakini watu waliobeba udongo wa ukingo ule kikapu kwa kikapu hawakuandikwa popote. Mji ulipoanguka ukingo nao ulibomoka, na msitu ukatawala. Katika karne ya 20 bwawa lilitengenezwa upya, na hadi leo linanywesha maelfu ya hekta za mpunga. Kwa maneno hayo machache tulitambua kuwa hatukuletwa kutazama mawe tu, bali kazi za watu.

Kisha tukaingia mjini. Hapo mwongozaji alitupa habari ambayo mwenye kutaka kuipamba nchi yake angeweza kuificha. Mji mkuu wa kale wa kisiwa ulikuwa Anuradhapura. Mwaka 993 majeshi ya ufalme wa Chola kutoka kusini mwa Bara Hindi yaliuteka, na ni hao Wachola, waliokuwa wafuasi wa dini ya Kihindu, walioifanya Polonnaruwa kuwa makao ya utawala. Mwaka 1070 Mfalme Vijayabahu wa Kwanza aliwafukuza, lakini hakuuhama mji wao. Aliuendeleza. Ndiyo sababu katikati ya mahekalu ya Kibuddha mgeni anakuta pia mahekalu ya mawe yaliyojengwa kwa ajili ya mungu Shiva, yenye maandishi ya Kitamil.

Tulipofika Vatadage, jengo la mviringo lenye ngazi pande nne na sanamu ya Buddha mbele ya kila ngazi, tulivua viatu na kofia. Desturi hiyo haikutuelemea sisi tuliozoea kuvua viatu mlangoni pa msikiti, ijapokuwa mawe ya adhuhuri yalituchoma nyayo. Mabega na magoti sharti yafunikwe, na ni mwiko kumpa Buddha mgongo ili kupigwa picha. Mwongozaji alitukumbusha hayo kwa upole tangu asubuhi ndani ya basi, wala hakungoja mtu akosee ndipo amkemee mbele ya watu.

Chini ya ngazi ya Vatadage pana jiwe la nusu mwezi lililochongwa kwa ustadi. Mwongozaji alitutaka tuhesabu aina za wanyama. Katika mawe kama hayo ya Anuradhapura huchongwa tembo, farasi, simba na ng'ombe dume. Hapa ng'ombe dume hayumo. Wataalamu hueleza kwamba huenda aliondolewa kwa sababu ng'ombe ni mnyama mtukufu kwa Wahindu, na haikufaa watu wamkanyage wakipanda ngazi. Tumezoea kusoma habari za vita baina ya wafalme hao. Habari ya fundi aliyemwacha mnyama mmoja ili asiuudhi moyo wa jirani yake, tungeisoma wapi kama asingekuwapo mtu wa kutuonyesha?

Hatua chache kutoka hapo ni mabaki ya majengo yaliyohifadhi jino linaloaminiwa kuwa la Buddha, masalio ambayo leo yako katika hekalu la Kandy tulikotoka alfajiri. Kwa mfalme wa kale, kulimiliki jino hilo kulikuwa sawa na kuimiliki haki ya kutawala. Pana bamba la mawe lenye maandishi ya Kitamil yanayoeleza kwamba ulinzi wa jino hilo ulikabidhiwa askari wa Velaikkara, kikosi chenye asili ya kusini mwa Bara Hindi. Kitu kitukufu kupita vyote vya Wabuddha wa kisiwa kiliwekwa mikononi mwa watu wa lugha nyingine.

Mwongozaji alinyamaza kidogo baada ya kutueleza hayo, nasi tulielewa sababu. Nchi hiyo iliteketea kwa vita vya wenyewe kwa wenyewe tangu mwaka 1983 hadi 2009, na vita hivyo havikuiacha historia salama. Mwaka 1981, kabla vita havijapamba moto, maktaba ya Jaffna, hazina ya vitabu vya Watamil, ilichomwa moto. Mwaka 1985 waumini waliuawa Anuradhapura kwenye eneo la mti mtakatifu wa Wabuddha. Mwaka 1998 bomu lililipuliwa katika Hekalu la Jino, mjini Kandy. Pande zote mbili zilikuwa na watu waliojua kwamba anayetaka kumuumiza jirani yake hupiga kumbukumbu zake. Basi mwongozaji anayesimama mbele ya bamba lile ana njia mbili: kuwapitisha wageni haraka, au kuwaambia wananchi wenzake na wageni pamoja kwamba zamani palikuwa na vita, na palikuwa na kuaminiana pia.

Karibu na hapo limelala jiwe kubwa liitwalo Gal Pota, Kitabu cha Jiwe, lenye urefu wa zaidi ya mita nane na uzito unaokadiriwa kufika tani 25. Maandishi yake ni sifa za Mfalme Nissanka Malla, aliyetawala mwaka 1187 hadi 1196, na aliyezisifu ni yeye mwenyewe. Mwongozaji alitutafsiria sifa hizo, kisha akaongeza bila kicheko kwamba wapo wanahistoria wanaosema matumizi ya mfalme huyo yaliielemea hazina. Haikupita miaka 20 baada ya kifo chake, mwaka 1215 Magha wa Kalinga aliuvamia mji, na fahari yake haikurudi tena.

Jua lilipoanza kuinama tulifika Gal Vihara, ambapo sanamu nne za Buddha zimechongwa katika mwamba mmoja. Aliyelala ana urefu wa mita 14 hivi. Mguu wake mmoja umerudi nyuma kidogo ya mwenzake, alama ya kwamba huyu si mtu asinziaye bali anayeiaga dunia. Aliyesimama, mwenye kimo cha mita saba, amekunja mikono kifuani. Mwongozaji alisema wazi kwamba wataalamu hawakubaliani: wapo wasemao ni Ananda, mwanafunzi akimlilia mwalimu wake, na wapo wasemao ni Buddha mwenyewe. Hakutulazimisha kuchagua. Katika mwamba huo huo yamechongwa masharti ya mwenendo wa watawa, yaliyowekwa na Parakramabahu alipokomesha mifarakano baina yao. Mfalme aliyejenga bwawa aliona pia kwamba haifai kuacha nidhamu bila maandishi.

Palepale tuliona mambo mawili ya kulinganisha. La kwanza, kundi la wageni lilifika na kiongozi wao, likaambiwa sanamu ni za karne ya 12 na ni kubwa sana, likapiga picha, likaondoka kabla hatujakaa vizuri. Walilipa kiingilio kilekile tulicholipa sisi. La pili, mstari mrefu wa watoto wa shule waliovaa sare nyeupe ulifika na walimu wao. Waliketi chini mbele ya mwamba na kusikiliza. Hao ndio wenye mali, na kwa haki walikaa muda mrefu kuliko sisi wageni.

Tunayaandika haya kwa sababu visiwa vyetu navyo vina magofu, na vina wageni. Msikiti wa Kizimkazi Dimbani una maandishi ya mwaka 500 wa Hijria, yaani 1107, nao ungali ukisaliwa. Yapo magofu ya kasri ya Mtoni, yapo ya Ras Mkumbuu, ipo ngome ya Mkama Ndume kule Pujini. Polonnaruwa iliingizwa katika orodha ya Urithi wa Dunia mwaka 1982, na Mji Mkongwe wa Zanzibar mwaka 2000. Tarehe 25 Desemba 2020 sehemu ya Beit al-Ajaib iliporomoka, na watu wawili walifariki. Tangu hapo kila mtu anajua kwamba kuta zinahitaji fundi. Lakini si kila mtu anayekumbuka kwamba hata ukuta uliosimama imara unahitaji msimulizi, na kwamba msimulizi naye hujengwa.

Historia yetu haina upungufu wa mambo mazito. Inayo biashara na ibada, inayo mashairi na majahazi, na inayo utumwa, dhuluma na damu. Mtu mwenye haraka anaweza kumpa mgeni nusu yake iliyo tamu, au nusu yake iliyo chungu, kwa kadiri anavyodhani mgeni atafurahi na kutoa bakshishi. Nusu ya habari ikirudiwa kila siku kwa miaka mingi, hatimaye hata watoto wetu wataiamini kuwa ndiyo habari yote.

Kwa hiyo yafaa wahusika serikalini wautazame mwongozo wa wageni kama sehemu ya kazi ya kuhifadhi, wala wasiuone kuwa ni kibarua cha pembeni. Anayepewa kibali na apimwe kwa anayoyajua kuhusu mahali penyewe, mbali na lugha za kigeni anazozisema. Vijana wa vijiji vyenye magofu wapewe nafasi ya kwanza ya kufunzwa, na wazee wa vijiji hivyo wawe miongoni mwa walimu wao. Maelezo yaandikwe kwa Kiswahili kwanza, kisha kwa lugha nyingine. Muda wa ziara uwekwe wa kutosha, maana mtu aliyepelekwa sehemu sita kwa siku moja hakupelekwa hata moja. Na watoto wa shule wafike huko kabla ya mgeni, tena wafike pamoja na mtu wa kuwasimulia.

Nasi wananchi tuna wajibu wetu. Mzee anayejua jina la aliyejenga kisima, bibi anayejua kwa nini mtaa unaitwa hivyo unavyoitwa, hao wana amana mikononi. Tuwaulize wangali hai.

Tulipokuwa tukirudi, basi lilipita tena kando ya bwawa. Wakulima walikuwa wakitoka mashambani, na maji yalikuwa yakipita mferejini kama yalivyoagizwa zaidi ya miaka 800 iliyopita. Mwongozaji wetu alishuka njiani, maana nyumba yake ilikuwa jirani na ukingo. Alituaga kwa kuweka viganja pamoja kifuani, akakata njia ya mpunga kwenda kwake.