Je, Wajua? Mwanazuoni wa Wakati Asiye na Jina

Je, wajua kuwa msafiri wa wakati anayetajwa sana katika fasihi ya Kiingereza hana jina? Katika The Time Machine, riwaya ya H. G. Wells iliyotoka mwaka 1895, anaitwa Msafiri wa Wakati, basi.

Hapo awali alikuwa nalo. Mwaka 1888, Wells akiwa na miaka 21, alichapisha katika jarida la wanafunzi hadithi ya Daktari Moses Nebogipfel, mgeni aliyehamia kijiji kimoja cha Wales. Wanakijiji walimshuku kuwa mchawi, wakamvamia nyumbani kwake.

Na wajua kuwa Mhispania alimtangulia Wells? Mwaka 1887 Enrique Gaspar alichapisha El anacronópete, ambamo mwanazuoni Sindulfo García anaunda chombo cha kusafiria katika wakati. Inasikitisha kwamba ni wachache wanaomkumbuka.

Msafiri wa Wells anaishi Richmond, kando ya mto Thames, na kila Alhamisi hualika wageni kwa chakula cha jioni. Mashine yake ina shaba, mpingo, pembe za ndovu na kwatsi, pamoja na tandiko la kukalia.

Je, wajua kuwa ni mtafiti kwelikweli? Ameandika makala 17 kuhusu fizikia ya mwanga. Akiwa mwaka 802,701 anaingia katika jumba la makumbusho lililotelekezwa, anakuta maktaba ambayo vitabu vyake vimeoza vyote, na hapo ndipo anapozikumbuka makala zake. Kwangu mimi hiyo ndiyo sehemu nzito kuliko zote, nzito hata kuliko Wamorlock, watu wa zama hizo wanaokula nyama ya binadamu wenzao.

Ushahidi pekee aliorudi nao ni maua mawili meupe. Aliyatia mfukoni mwake Weena, msichana wa Kieloi, jamii nyingine ya zama hizo, ambaye Msafiri alimwokoa asizame mtoni huku wenzake wakimtazama tu. Daktari aliyekuwa miongoni mwa wageni aliyachunguza karibu na taa, akashindwa kusema ni ya jamii gani.

Safari ya mbali zaidi ya Msafiri ilipita miaka milioni 30. Kisha akaondoka tena, safari hii na kamera, na anayetusimulia anasema miaka 3 imepita bila yeye kurudi.

Riwaya ilitoka miaka 10 kabla ya Albert Einstein kuchapisha nadharia yake ya uhusianifu, mwaka 1905. Filamu ya mwaka 1960 iliyotokana na riwaya hiyo ilipata Oscar kwa mbinu zake za picha. Ile ya mwaka 2002 iliongozwa na Simon Wells, kitukuu cha mwandishi.

Lakini urithi mkubwa wa riwaya hiyo ni mtu. Je, wajua kuhusu Ronald Mallett? Alikuwa na miaka 10 mwaka 1955 baba yake, fundi televisheni, alipofariki kwa maradhi ya moyo akiwa na miaka 33. Mwaka uliofuata mtoto huyo aliokota riwaya ya Wells iliyochorwa kwa katuni, akaapa kuunda mashine ili akamwone baba yake na kumwonya. Akasoma fizikia hadi akawa profesa katika Chuo Kikuu cha Connecticut, Marekani. Kwa miaka mingi alificha nia yake kwa kuhofia kuitwa mwendawazimu, akawa anasema anachunguza mashimo meusi ya angani.

Kwenda mbele katika wakati si ndoto: mwaka 1971 wanasayansi walizungusha saa za atomiki duniani kwa ndege, na saa hizo zikatofautiana na zile zilizobaki chini kwa sehemu ndogo mno za sekunde. Kigumu ni kurudi nyuma. Mwaka 2000 Mallett alichapisha hesabu zake kuhusu mwanga wa leza unaozungushwa na jinsi unavyoweza kupinda wakati. Wanafizikia wengine walizipinga, wakisema nishati inayohitajika haipatikani. Naye mwenyewe hufafanua kikomo kingine: mashine ya namna hiyo haiwezi kumpeleka mtu nyuma zaidi ya siku ilipowashwa mara ya kwanza, kwa hiyo mwaka 1955 haifiki.