Kasi ya Dripu Nayo ni Sehemu ya Dozi

Katikati ya mpira wa dripu kuna kigurudumu kidogo cha plastiki. Kikisukumwa upande mmoja mpira unabanwa, kikisukumwa upande wa pili unaachia. Kiko wazi, hakina kufuli, na mara nyingi kiko karibu zaidi na ndugu wa mgonjwa kuliko nesi anayehudumia wodi nzima. Jioni inaingia, chupa bado nusu, na mtu anaona si vibaya kuyaharakisha maji kidogo ili mgonjwa apumzike. Anayefanya hivyo amebadilisha dozi bila kujua. Daktari anapoandika dripu huandika mambo mawili yasiyotenganishwa: kiasi gani, na kwa muda gani.

Waliougua malaria kali kabla ya sindano ya atesuneti kuenea wanaikumbuka dripu ya kwinini. Ilipangwa iingie polepole, kwa kawaida kwa saa 4, na sababu ilikuwa nzito. Kwinini ikimiminwa mshipani kwa haraka huangusha shinikizo la damu na kuvuruga mapigo ya moyo. Dawa ni ile ile, kiasi ni kile kile, lakini kilichotazamiwa kuponya kwa saa 4 kinaweza kuua kikiingia kwa dakika chache.

Dripu ya kawaida haina mota. Maji husukumwa na uzito wake yenyewe, kama tangi la juu ya paa linavyoleta maji bombani. Chupa ikining'inia mita 1 juu ya mkono, maji husukuma kwa shinikizo la takriban milimita 75 za zebaki, wakati damu iliyo ndani ya vena ya mkono wa mtu aliyelala huwa na shinikizo dogo zaidi. Tofauti hiyo ndiyo inayofanya kazi yote. Ndiyo maana mgonjwa akiinuka kwenda msalani huku chupa imeshikwa chini, maji husimama na damu inaweza kuonekana ikipanda mpirani. Akikunja kiwiko penye kanula, yaani mrija mfupi ulioingizwa mshipani, matone hupungua, akikinyoosha, yanarudi. Hakuna aliyegusa kigurudumu, na bado kasi imebadilika.

Kasi yenyewe husomwa kwa macho, kwenye kichupa kinachoonyesha ndani kilicho chini ya chupa kubwa, ambako maji hudondoka tone moja moja. Hapa ndipo panapotaka umakini mkubwa kuliko pengine pote, kwa kuwa matone ya mipira tofauti hayalingani. Seti nyingi za mipira ya watu wazima hutoa matone 20 kwa kila mililita moja. Nyingine hutoa 15 au 10. Seti za matone madogo, zinazotumika sana kwa watoto, hutoa 60. Idadi hiyo huchapishwa kwenye pakiti, ile pakiti ambayo huchanwa na kutupwa mara moja.

Hesabu si ngumu: mililita zinazidishwa kwa idadi ya matone ya seti, kisha zinagawanywa kwa dakika. Lita 1 kwa saa 8 kwa seti ya 20 ni matone 42 hivi kwa dakika. Kwa seti ya 60 kuna njia ya mkato ambayo manesi wanaipenda: kwa kuwa saa ina dakika 60, idadi ya mililita kwa saa ndiyo idadi ya matone kwa dakika. Mtoto wa kilo 10 anayehitaji mililita 40 kwa saa atahesabiwa matone 40. Lakini siku seti ndogo zimeisha stoo, ikafungwa ya 20, na mtu akaendelea kuhesabu 40 kwa mazoea, mtoto huyo anapokea mililita 120 kwa saa. Ni mara tatu ya alichoandikiwa, na kwa macho dripu inaonekana sawasawa kabisa.

Kuna wakati, kinyume chake, kuhesabu matone hakuna maana. Mgonjwa wa kipindupindu aliyekaukiwa maji kabisa, mwenye kilo 60, kwa mwongozo wa Shirika la Afya Duniani anatakiwa apate mililita 30 kwa kila kilo ndani ya nusu saa ya kwanza. Hizo ni mililita 1,800, yaani 60 kila dakika: matone 1,200 kwa seti ya 20. Hayo si matone tena, ni mchirizi. Kinachoamua hapo ni kanula. Mfaransa Jean Poiseuille alionyesha katika karne ya 19 kwamba nusu kipenyo cha mrija kikiongezeka mara mbili, maji yanayopita huongezeka mara 16. Kanula ya njano, nyembamba, hupitisha kama mililita 20 kwa dakika; ya kijani hupitisha karibu 90, na vipimo hivyo ni vya maabara, si vya mshipa uliosinyaa. Kwa hiyo huwekwa kanula nene, na mara nyingi mikono yote miwili hufungwa dripu.

Tiba ya dripu ilianza na kipindupindu. Mwaka 1832, mjini Leith huko Uskoti, daktari Thomas Latta alimtilia maji ya chumvi mshipani bibi mmoja aliyekuwa anakata roho, na bibi akapata uhai tena. Latta akaondoka. Kuhara kukarudi, hakuna aliyeendelea kumwongezea maji, na baada ya saa chache akafariki.

Maji ya haraka, hata hivyo, hayafai kila aliyezidiwa. Mwaka 2011 yalichapishwa matokeo ya utafiti wa FEAST, ulioongozwa na Kathryn Maitland katika hospitali za Kenya, Uganda na Tanzania. Watoto 3,141 wenye homa kali na mzunguko dhaifu wa damu walishirikishwa. Wenye kuhara hawakuingizwa. Baada ya saa 48, waliopewa maji mengi kwa haraka walifariki karibu 10.5 katika kila 100, na ambao hawakupewa walifariki 7.3. Wengi walitarajia kinyume.

Ndiyo maana dripu iliyochelewa nayo inataka busara. Tuseme lita 1 ilianza kwa seti ya 20 saa 4 usiku, imalizike saa 12 asubuhi. Saa 8 usiku zingebaki mililita 500, lakini nesi anakuta 700. Ili imalizike kwa wakati, matone 42 yangepaswa kuwa 58. Kijana mwenye moyo mzima huenda akayahimili. Mzee ambaye moyo wake umedhoofika anaweza kujaa maji mapafuni. Nesi humwuliza daktari aliyeiandika, na mara nyingi jibu huwa kuiacha imalizike kwa kuchelewa.