Moyo haurudi kwa kuambiwa "jikaze"

Kila soko la miraa linapotikisika, maswali ya wasomaji kutoka Maua, Meru, hubadilika. Huacha kuuliza kuhusu presha na vidonda vya tumbo, wakaanza kuuliza moyo uliovunjika hurudishwaje. Wengine wanataka dawa. Wengine wanataka tu kuambiwa kwamba wao si wavivu.

Historia yenyewe wanaijua kuliko mimi. Uholanzi ilifunga mlango 2013. Uingereza ikafuata Juni 2014, ingawa jopo lake lenyewe la washauri wa dawa za kulevya lilikuwa limesema ushahidi wa kupiga miraa marufuku hautoshi. Somalia ikazuia ndege Machi 2020, ikafungua tena Julai 2022. Na kazi yote ya Nyambene imejengwa juu ya haraka: vijiti vinachumwa, vinafungwa kwa majani ya mgomba vikiwa vibichi, na pikapu inaondoka mbio kuelekea Nairobi, kwa sababu kathinoni, ile kemikali inayolipiwa, huharibika jani linapokauka. Mkulima aliyefanya yote hayo sawasawa, kisha akapigiwa simu kwamba ndege haiondoki, hakukosea popote. Amepigwa na jambo asiloweza kuligusa, na hapo ndipo sayansi inapoingia.

Mwaka 1967, Martin Seligman na Steven Maier wa Chuo Kikuu cha Pennsylvania waliwapiga mbwa shoti za umeme. (Leo kamati ya maadili ingewafukuza.) Mbwa wa kundi la kwanza waliweza kuukata umeme kwa kusukuma kibao kwa kichwa. Wa kundi la pili walipata umeme uleule, kwa muda uleule, ila wao hata wangefanya nini haukukatika mpaka mwenzao aukate. Baadaye wote waliwekwa kwenye sanduku lenye kizingiti kifupi: ukiruka, umeme umekwisha. Kundi la kwanza liliruka. Kama theluthi mbili za kundi la pili walilala chini wakilia, na kizingiti kiko mbele yao.

Maumivu yalikuwa sawa. Tofauti ilikuwa kibao tu.

Kwa karibu miaka hamsini vitabu vilifundisha kwamba wale mbwa walijifunza kukata tamaa. Maier, aliyehamia utafiti wa ubongo huko Colorado, alipochunguza vichwa vya panya alikuta mambo ni kinyume, na mwaka 2016 yeye na Seligman waliandika hivyo wazi, wakiikosoa nadharia yao wenyewe. Kulegea hakufundishwi. Ndiko kunakokuja kwanza, shida kali inapodumu. Kinachofundishwa ni kule kujua kwamba ninachofanya kina matokeo.

Nivumilieni kidogo, maana sehemu hii ndiyo tamu. Katikati ya shina la ubongo kuna kiini kidogo kinachoitwa rafe. Mateso yakidumu, kiini hicho humwaga serotonini kwa wingi, hofu ikapanda na hamu ya kujitetea ikazimika. Ndiyo, ni serotonini ileile inayotangazwa mitandaoni kama kemikali ya furaha. Inachofanya hutegemea imemwagwa wapi. Sasa, panya mwenye gurudumu linalokata umeme anapoligeuza na umeme ukakoma, sehemu ya chini ya ubongo wake wa mbele hulitambua hilo na kutuma ishara kule chini kwenye rafe, kama dereva anayekanyaga breki kwenye mteremko. Watafiti walipoizima sehemu hiyo kwa dawa, panya mwenye gurudumu alilegea sawa na asiye nalo, ingawa umeme aliukata mwenyewe. Walipoiamsha kwa panya asiye na gurudumu, hakulegea. Na hili ndilo linalonikosesha usingizi: panya aliyewahi kuwa na gurudumu, akiletewa baadaye mateso asiyoweza kuyazuia kabisa, breki ile hukanyagwa tena. Ubongo unakumbuka.

Panya si mkulima wa Igembe, najua. Lakini ukishaiona njia hiyo, maneno mengi tunayorushiana mitaani yanapoteza uzito.

Kwa mfano, kwamba shida hukomaza. Si kila shida. Yule mbwa wa kundi la pili alipata shida ya kutosha na haikumkomaza hata chembe. Au kwamba anayelala hadi saa sita mchana baada ya kupoteza soko ana roho dhaifu, au amelaaniwa. Mtu huyo mwili wake umerudi mahali unaporudi mwili wa yeyote, pamoja na wewe unayemcheka. "Mvumilivu hula mbivu" ni methali nzuri kwa mwenye mti. Kwa aliyeng'olewa mti, ni kelele.

Halafu kuna wafanyabiashara. Mmoja anapita sokoni na spika juu ya gari akiuza chupa ya "kuamsha neva". Mwingine amevaa suti, anatoza kiingilio hotelini ili awaambie watu waliofilisika kwamba hawakutaka mafanikio vya kutosha. Wa chupa afadhali, huenda anauza maji na tangawizi. Huyu wa suti anachukua mtu aliyepigwa na sera ya nchi ya mbali na kumrudishia lawama.

Kinachosaidia kimepimwa, na kinachosha kwa udogo wake. Harare, Zimbabwe, daktari wa akili Dixon Chibanda aliwafundisha akina nyanya kukaa na wagonjwa kwenye benchi nje ya kliniki. Mgonjwa hutaja shida zake zote, huchagua moja tu inayoshikika, hupanga hatua, hurudi kueleza ilikwendaje. Jaribio la watu 573, lililochapishwa 2016, lilionyesha dalili za mfadhaiko zikipungua sana kuliko kwa waliopata huduma ya kawaida. Hapa kwetu Kenya, Dagoretti jijini Nairobi, wahudumu wa afya ya jamii wasio na shahada ya saikolojia walifanya kazi ya namna hiyo kwa vikao vitano na wanawake waliopitia ukatili, na matokeo yaliyotoka 2017 yalikuwa mazuri pia. Deni la benki halikufutwa na benchi. Ila mtu alitoka na gurudumu moja mkononi.

Kwa hiyo, haraka haraka: chagua jambo moja dogo ambalo matokeo yake yako mikononi mwako na utayaona wiki hii. Robo eka ya maharagwe. Simu moja kwa unayemdai. Usimpe aliyeanguka hotuba, mpe kazi anayoweza kuimaliza, kisha umuulize imefikia wapi. Usingizi na hamu ya kula vikipotea kwa zaidi ya wiki mbili, nenda hospitalini. Ni ugonjwa, na unatibika. Wazo la kujiua likija, mwambie mtu leo, au piga 1199, laini ya bure ya Msalaba Mwekundu. Wapo wanaonyamaza kwa kuogopa polisi: Januari 2025 Mahakama Kuu ilitamka kwamba kifungu cha 226, kilichofanya kujaribu kujiua kuwa kosa la jinai, kinakwenda kinyume na Katiba.

Na ndugu wa Kangeta aliyeuliza kama muguka wa Embu ungemrudishia ari kuliko miraa ya nyumbani: mti ni uleule, kathinoni ni ileile, tofauti ni majani na bei. Stimu itakupa saa chache za kupanga biashara kumi. Ikishuka, itakuwa saa kumi alfajiri, deni liko palepale, nawe huna hata usingizi.