Doa Katika Taarifa za Mkopaji na Njia Halali ya Kuliondoa

Taarifa ya mkopaji ni kumbukumbu ya mikopo aliyochukua mtu, kiasi anachodaiwa na mwenendo wa marejesho yake, na nchini Tanzania uhifadhi wake unaongozwa na Kanuni za mwaka 2012 zilizotungwa chini ya Sheria ya Benki Kuu ya mwaka 2006. Wakopeshaji hupeleka taarifa hizo katika kanzidata ya Benki Kuu, na kampuni zenye leseni, kama Creditinfo na Dun & Bradstreet, hutoa ripoti ambayo ofisa mikopo huisoma kabla ya kuidhinisha ombi.

Kwa mkazi wa Kilakala, mjini Morogoro, anayenunua ndizi na mboga za Uluguru ili aziuze katika Soko la Chifu Kingalu, ripoti hiyo yaweza kuamua iwapo atapata mtaji au atasukumwa kwenye mikopo ya kausha damu, yaani ya riba kubwa mno. Ndiyo maana anayejinadi kusafisha jina kwa malipo anastahili kukataliwa mapema, kwani doa la kweli halifutwi na mtu wa kati, na doa la uongo husahihishwa bila yeye.

Makosa yenyewe hutokea kwa njia ambazo mkopaji hazioni. Mwalimu aliyekopa kwa dhamana ya mshahara hukatwa kila mwezi, lakini makato yakichelewa kumfikia mkopeshaji, mkopo huonekana una malimbikizo, yaani marejesho yaliyopitiliza tarehe, ilhali hati ya mshahara inaonesha kuwa fedha ilikwisha kutoka. Mwalimu huyo hana budi kuomba ripoti yake, kubaini ni mstari upi una kosa, kisha kumwandikia mkopeshaji akiambatisha hati za mshahara za miezi inayobishaniwa, kwa kuwa taarifa isiporekebishwa kwenye chanzo chake, kosa lilelile laweza kurudi. Akipuuzwa, anaweza kulifikisha lalamiko Benki Kuu. Aidha, Sheria ya Ulinzi wa Taarifa Binafsi ya mwaka 2022, iliyoanza kutumika Mei 1, 2023, inampa haki ya kudai taarifa zisizo sahihi zirekebishwe.

Deni la kweli lina njia nyingine: hulipwa, au masharti yake hupangwa upya, na ripoti ikaonesha hivyo, ingawa historia ya ucheleweshaji hubaki kwa muda. Nchini Marekani, sheria ya mwaka 1970 huruhusu taarifa mbaya nyingi kubaki miaka 7, na Kenya iliamua mwaka 2020 kwamba deni lisilofika shilingi 1,000 za Kenya lisimchafulie mtu jina, uamuzi wa busara ambao wakopaji wadogo wa mikopo ya simu nchini Tanzania nao wanaustahili. Anayemaliza deni na adai siku hiyohiyo barua ya kumaliza mkopo, yenye namba ya mkopo, tarehe na muhuri, kisha baada ya wiki kadhaa aiombe ripoti yake tena ili ahakikishe kuwa salio linasomeka sifuri.