Imamu Ghazali: Imani, Akili na Kuonja

Abu Hamid al-Ghazali, ambaye Waislamu wa pwani ya Afrika Mashariki wanamjua kama Imamu Ghazali, alizaliwa mwaka 1058 mjini Tus, katika Khurasan ya Uajemi, akafariki huko huko mwaka 1111. Alisoma kwa al-Juwayni mjini Nishapur, na mwaka 1091 waziri Nizam al-Mulk akamteua kuwa mudarisi wa madrasa ya Nizamiyya, Baghdad, cheo kikubwa ambacho wanazuoni wachache wa zama zile wangekikataa. Swali lililomsumbua tangu ujanani ni hili: mtu anajuaje kwamba anachokiamini ni kweli?

Jibu lake limo zaidi katika Al-Munqidh min al-Dhalal, kitabu kidogo cha miaka yake ya mwisho. Anaanza na shaka. Watoto wa Wakristo hukua Wakristo, wa Mayahudi hukua Mayahudi na wa Waislamu hukua Waislamu. Basi kurithi imani peke yake si ushahidi wa ukweli wake. Akaegemea hisi, nazo zikamwangusha. Jicho hukiona kivuli kimesimama, kumbe kinasogea kidogo kidogo. Huiona nyota ndogo kama dinari, ilhali hesabu za falaki huonyesha kwamba ni kubwa kuliko ardhi. Aliyezikosoa hisi ni hakimu mwingine, akili. Je, nyuma ya akili hakuna hakimu wa tatu ambaye bado hajajitokeza? Mwenye kuota naye huiamini ndoto yake mpaka azinduke. Kwa karibu miezi miwili Ghazali alikwama hapo. Hoja haikuweza kumtoa, kwa kuwa kila hoja husimama juu ya kanuni za kwanza za akili, na kanuni hizo ndizo zilizokuwa zimeingia mashakani. Kilichomponya, asema, ni nuru aliyoitia Mungu kifuani mwake.

Wasomaji wengi hulipita jambo hili haraka. Nuru hiyo haikumtoa kwenye akili, bali ilimrudisha kwake: kanuni za kwanza zikawa tena za kutegemewa, na kazi ya kufikiri ikaanza upya.

Ndipo alipoyachunguza makundi manne ya watafutaji wa ukweli: wanazuoni wa kalamu (elimu ya kuitetea itikadi kwa hoja), Mabatini waliomtegemea imamu asiyekosea, wanafalsafa na Masufi. Kalamu aliiona ni ngao nzuri kwa aliyekwisha kuamini, lakini haimtoshi anayetafuta yakini. Falsafa ya al-Farabi na Ibn Sina aliisoma bila mwalimu, katika saa zilizobaki baada ya kufundisha, kisha mwaka 1095 akamaliza Tahafut al-Falasifa. Humo aliyapinga masuala 20 ya wanafalsafa. Kwa matatu aliwahukumu ukafiri: kwamba ulimwengu hauna mwanzo, kwamba Mungu hayajui mambo moja moja ila kwa ujumla, na kwamba miili haitafufuliwa. Hukumu hiyo ni nzito, na kwa Ibn Sina, aliyejitahidi kuipatanisha falsafa na dini, ni kali kupita kiasi.

Hata hivyo, kumwita Ghazali adui wa akili ni kumdhulumu. Mantiki na hisabati hakuzipinga. Anayepinga hesabu za kupatwa kwa jua akidhani anaitetea dini, kwa maoni yake, huidhuru dini kuliko anayeishambulia waziwazi. Al-Mustasfa, kitabu chake cha usuli wa fikihi, kinaanza na utangulizi wa mantiki. Kilichozua ubishi mkubwa ni suala la sababu. Moto ukigusa pamba, pamba huungua. Lakini macho huona tu kwamba kuungua kumefuatana na kugusa, hayaoni ulazima wowote kati ya viwili hivyo. Kufuatana huko, kwa Ghazali, ni desturi aliyoiweka Mungu. Karne iliyofuata Ibn Rushd wa Andalusia alimjibu kwamba anayezikana sababu ameikana akili yenyewe, na pingamizi hilo lina uzito hadi leo.

Mwaka huo huo wa 1095 Ghazali alijikagua, akaona kwamba alifundisha kwa kutafuta jaha. Ulimi ukafungika darasani, chakula hakikupita, matabibu wakakata tamaa. Akagawa mali yake, akibakisha ya kuwatunza watoto, akatoka Baghdad kwenda Sham, Jerusalem na Makka. Takriban miaka kumi na moja ilipita kabla hajarudi kufundisha, safari hii Nishapur. Katika miaka hiyo aliandika Ihya Ulum al-Din, vitabu 40 katika robo nne, ambayo masharifu wa Hadhramaut waliienzi sana na kuieneza kokote walikokwenda, pwani ya Waswahili ikiwemo.

Kwa Masufi alijifunza kwamba kuijua fasili ya afya si kuwa na afya. Akapanga daraja tatu za kuujua ukweli. Kuyakubali maneno ya mwenye kuaminika ni imani. Kuyathibitisha kwa dalili ni elimu. Kuyaishi ndani ya nafsi ni kuonja. Asiyeonja hajafungiwa mlango, kwani anayejua tiba humtambua tabibu kwa kazi yake, na vivyo hivyo anayeizamia Qurani na hadithi humtambua Mtume bila kungoja muujiza wa fimbo kugeuka nyoka.

Kuonja nako kuna mpaka. Masufi waliodai kuwa wameungana na Mungu, au kwamba Mungu ameingia ndani yao, aliwaambia wamekosea. Katika Al-Maqsad al-Asna anaeleza kipimo chake: walii anaweza kufunuliwa jambo ambalo akili isingelifikia kwa nguvu zake, lakini hawezi kufunuliwa jambo ambalo akili imekwisha kulihukumu kuwa muhali.