Mjusi wa Tendaguru si mjusi

Kila habari ya mifupa ya Tendaguru inaporudi magazetini au bungeni, hurudi na neno lile lile: mjusi. Ni mjusi mkubwa aliyechimbwa Lindi enzi za Wajerumani, mjusi aliyeko Berlin, mjusi anayewavutia watalii wa wengine huku kwao akibaki hadithi. Nani ana haki gani juu ya mifupa hiyo ni hoja nzito, na haikosi watu wa kuibeba. Makala haya yanaishika hoja ndogo iliyojificha chini yake, yaani jina lenyewe. Mnyama yule hakuwa mjusi, hakutokana na mijusi, wala hakuacha mjusi hata mmoja nyuma yake. Tumemwita hivyo kwa sababu neno dinosaria limebeba ndani yake neno la Kigiriki sauros, ambalo kamusi zitakwambia maana yake ni mjusi, nasi tukadhani kutafsiri kipande cha jina ni kueleza kitu. Rai yangu ni kwamba sauros likibaki katika Kigiriki chake ni lebo tu na halimdhuru mtu. Likishavikwa Kiswahili linageuka kuwa dai, na dai hilo si kweli.

Tuanze na namna neno hili lilivyosambaa, maana halikupata kuwa na mipaka. Mwaka 1758 Carl Linnaeus, Msweden aliyeweka utaratibu wa majina ya kisayansi unaotumika hadi leo, aliorodhesha chini ya jina moja la Kilatini, Lacerta, yaani mjusi, viumbe ambao sasa hakuna mtaalamu angewaweka pamoja: mijusi wenyewe, kinyonga, mamba, na hata salamanda, ambaye ni ndugu wa chura. Kilichowaunganisha ni umbo tu, mwili mrefu, miguu minne na mkia. Mwaka 1800 Mfaransa Alexandre Brongniart aliwatoa salamanda akawapeleka kwa vyura, lakini katika kundi aliloliita la sauria alimwacha mamba palepale na mjusi. Kwa hiyo mifupa mikubwa ya kale ilipoanza kuibuka kwenye machimbo ya Uingereza na Marekani katika miongo iliyofuata, sauros lilikuwa tayari neno la kumbandika mtambaazi yeyote. Mnyama wa baharini mwenye umbo la pomboo akaitwa Ichthyosaurus, mjusi samaki. Mwenye shingo ndefu na miguu kama makasia akaitwa Plesiosaurus. Mwaka 1834 daktari wa Marekani, Richard Harlan, alieleza mifupa mikubwa iliyotoka Louisiana, akaamini ni ya mtambaazi wa baharini, akampa jina Basilosaurus, mjusi mfalme. Miaka mitano baadaye alifika London na mifupa, na Richard Owen akayachunguza meno. Magego yalikuwa na mizizi miwili, jambo la mamalia. Mjusi mfalme kumbe alikuwa nyangumi. Owen alipendekeza jina jingine, lakini kanuni ya sayansi ni kwamba jina la kwanza ndilo linalosimama hata kama limekosea, na hadi leo nyangumi huyo, ambaye mabaki yake yametapakaa katika jangwa la Misri mahali paitwapo Wadi al-Hitan, anaitwa Basilosaurus. Hakuna mtaalamu anayeona haya kulitamka, kwa kuwa hakuna anayelisoma kama maelezo.

Owen huyo huyo ndiye aliyetunga neno Dinosauria, lililochapishwa mwaka 1842. Mbele yake alikuwa na wanyama watatu, Megalosaurus, Iguanodon na Hylaeosaurus, wote wa Uingereza na wote wakiwa vipande vipande. Jina alilowapa hutafsiriwa mjusi wa kutisha. Ukifuata hoja aliyoijenga, hata hivyo, utaona inakwenda kinyume cha jina: aliwatenga katika kundi lao wenyewe kwa sababu hawakuwa kama mijusi. Pingili tano za kiunoni zilikuwa zimeungana kuwa mfupa mmoja, na miguu ilisimama chini ya mwili kama ya tembo, ikibeba uzito mkubwa bila tumbo kukaribia ardhi. Mtu aliyeliingiza neno mjusi katika jina la dinosaria alitumia sehemu kubwa ya hoja yake kuonyesha kwamba hatuna mjusi hapa.

Msomaji atauliza: kama ni lebo tu, kuna ubaya gani kuitafsiri? Ubaya ni kwamba picha ya mjusi ikishaingia kichwani huanza kufanya kazi, na imewahi kuwapotosha hata waliosoma. Gideon Mantell alimpa mnyama wake jina la Iguanodon mwaka 1825 kwa kuwa meno yalifanana na ya iguana, mjusi wa Amerika. Kisha akapiga hesabu ya uwiano: jino hili ni kubwa mara kadhaa kuliko la iguana, basi na mwili uwe mkubwa mara hizo hizo. Akapata mnyama wa mita 18. Owen alipohesabu kwa kufuata pingili za uti wa mgongo alimpunguza hadi chini ya mita 9. Mfupa wa kidole gumba wa mnyama huyo, uliochongoka kama mwiba, uliwekwa puani ukawa pembe, na pembe hiyo bado ipo kwenye sanamu za Crystal Palace zilizojengwa London miaka ya 1850. Ilibidi mifupa mizima ifukuliwe Bernissart, Ubelgiji, kuanzia mwaka 1878, ndipo pembe ikashushwa mkononi.

Mfano mwingine uko karibu nasi zaidi, kwa sababu ulitokea Berlin miaka ileile ambayo vijana wa Lindi walikuwa wakibeba mifupa ya Tendaguru kwenda pwani. Mwaka 1908 jumba la makumbusho la Berlin lilipewa zawadi ya nakala ya Diplodocus, dinosaria wa Marekani mwenye shingo na mkia mrefu, akiwa amesimama juu ya miguu iliyonyooka. Gustav Tornier, mtaalamu wa watambaazi katika jumba hilohilo, hakuridhika. Tornier hakuwa mbumbumbu; alikuwa ameandika kitabu kizima juu ya watambaazi wa Afrika Mashariki ya Kijerumani, na kobe bapa wa miambani anayepatikana Kenya na Tanzania ana jina lake la kisayansi. Hoja yake ilikuwa rahisi: huyu ni mtambaazi, basi atambae. Akamchora Diplodocus akiwa na viwiko vilivyotokeza nje na tumbo karibu na ardhi, kama mjusi anayeota jua. Aliyemjibu ni William Holland wa Pittsburgh, mwaka 1910. Alionyesha kwamba mifupa ya nyonga na mapaja haikubali kukunjwa hivyo bila kuvunjika viungo, na kwamba mbavu za mnyama ni ndefu kwenda chini kiasi kwamba kama angetambaa kwa mtindo huo angelazimika kutembea ndani ya mtaro. Holland alishinda, lakini si kabisa. Mnyama wa Tendaguru aliposimamishwa Berlin mwaka 1937, miguu ya nyuma iliwekwa wima ila ya mbele ikapindwa viwiko nje, kimjusi. Alikaa hivyo karibu miaka 70, hadi alipovunjwa na kuungwa upya, na mwaka 2007 akaonekana tena akiwa na miguu yote minne imenyooka chini yake, kichwa kikiwa mita 13 na ushee kutoka sakafuni.

Mnyama mwenyewe ni nani basi? Mabaki yaligunduliwa kwa wageni mwaka 1906, pale Bernhard Sattler, mhandisi wa madini, alipoyaona karibu na kilima cha Tendaguru, kaskazini magharibi ya mji wa Lindi. Uchimbaji wa Berlin ulianza mwaka 1909 na kumalizika mwaka 1913, katika nchi iliyokuwa bado inauguza majeraha ya Maji Maji, chini ya Werner Janensch na Edwin Hennig, na kwa mikono ya mamia ya wafanyakazi walioongozwa na msimamizi Boheti bin Amrani. Janensch alimpa mnyama jina la Brachiosaurus brancai mwaka 1914. Siku hizi wengi humwita Giraffatitan. Aliishi miaka milioni 150 hivi iliyopita. Tazama kiungo kimoja tu, nyonga. Kwa mjusi, kichwa cha paja hukaa katika kishimo chenye ukuta nyuma yake, na paja huelekea ubavuni. Kwa dinosaria kishimo hicho ni tundu lililotoboka hadi upande wa pili, na kichwa cha paja kimegeuka pembeni ili kuingia humo, mguu ukishuka moja kwa moja chini. Pingili za shingo yake zina mapango ya hewa, kama za ndege. Ndugu zake wa karibu walio hai ni ndege wenyewe, wakifuatiwa na mamba. Ukoo wake na ukoo wa mjusi ulikuwa umeshatengana zaidi ya miaka milioni 250 iliyopita, muda mrefu kabla Tendaguru haijawa pwani ya bahari. Mjusi kafiri aliye ukutani kwako hana undugu naye zaidi ya alio nao jogoo wa jirani. Jogoo ndiye wa damu.

Pingamizi la kwanza litatoka kwa wanasayansi wenyewe, na lina uzito. Katika mpangilio wa sasa lipo kundi liitwalo Sauria, ambalo mipaka yake iliwekwa upya mwaka 1988, na dinosaria wamo. Isitoshe, tangu miaka ya 1880 kundi la dinosaria wa aina ya Giraffatitan limeitwa Saurischia, yaani wenye nyonga za mjusi. Je, si hapo sayansi imekubali? Haijakubali. Sauria ya leo ni jina la kizazi chote cha babu wa mwisho aliyewazaa mijusi kwa upande mmoja na mamba na ndege kwa upande mwingine. Ukitafsiri sauria kuwa mijusi, huna budi kumwita mbuni mjusi, na bata, na chiriku. Saurischia ni kichekesho kikubwa zaidi, kwa sababu ndege hawakutokana na kundi lile jingine liitwalo wenye nyonga za ndege. Walitokana na hawa wenye nyonga za mjusi. Majina haya yanafanya kazi kwa sababu hakuna anayeyadai yaseme kweli. Na jina Giraffatitan? Ndani yake mna twiga. Gazeti likiandika kwamba twiga wa Tendaguru yuko Berlin, barua za wasomaji zitafika kabla ya saa sita mchana. Mjusi anapita bila kuulizwa.

Pingamizi la pili ni la watu wa lugha: neno ni la wanaolitumia, na kama Waswahili wameamua mjusi ni hata yule wa Berlin, mtaalamu anyamaze. Kwa kawaida ningekuwa upande wao. Ila hapa Kiswahili chenyewe kinanipa nguvu. Wasemaji wake ni wachaguzi sana katika jambo hili. Kenge ana jina lake, kinyonga lake, guruguru lake, na hakuna anayewachanganya kwa kuwaita mijusi, ingawa kwa sayansi wote watatu ni ukoo mmoja na mjusi, na nyoka naye yumo, kwa kuwa alitokea ndani ya ukoo huohuo na kupoteza miguu. Methali ya kwenye msafara wa mamba na kenge wamo isingekuwa na utamu kama msikilizaji hajui kwamba kufanana si kuwa mmoja. Lugha iliyomnyima kenge jina la mjusi, naye ni ndugu wa kweli, haikumpa jina hilo mnyama wa Tendaguru kwa hiari yake. Ilipewa na mfasiri.

Wala hatuna upungufu wa majina. Katika miaka ya karibuni watafiti wanaofanya kazi na Watanzania wameanza kuokota maneno kutoka Kiswahili. Mwaka 2010 alitangazwa Asilisaurus kongwe kutoka bonde la Ruhuhu, ndugu wa dinosaria wa zamani sana, na mwaka huohuo Pakasuchus, jamaa wa mamba mwenye meno ya kumkumbusha mtu paka, kutoka Rukwa. Mwaka 2017 akaja Shingopana, na mwaka 2022 Mambawakale, ambaye kwa bahati njema ni wa upande wa mamba kweli. Boheti bin Amrani naye amekumbukwa, katika Australodocus bohetii wa Tendaguru, aliyetajwa mwaka 2007. Ninayempenda zaidi ni wa mwaka 2019, dinosaria mwenye shingo ndefu aliyefukuliwa kando ya mto Mtuka. Walimwita Mnyamawamtuka moyowamkia, kwa kuwa pingili moja ya mkia ina umbo la moyo. Hakuna sauros, hakuna mjusi wala mfalme. Jina linataja mahali na mfupa, yaani vitu viwili ambavyo wachimbaji walikuwa na hakika navyo.

Tukifuata njia hiyo, aliyeko Berlin ni mnyama wa Tendaguru, na anayetaka kuwa mahususi zaidi ana dinosaria, neno ambalo watoto wa shule za msingi wanalitamka bila shida. Najua jibu la chumba cha habari: mjusi ni fupi, linaingia vizuri kwenye kichwa cha habari cha safu moja. Ni kweli, lakini mnyama linalizidi kwa herufi moja tu.