Umeitwa Mahojiano ya Kazi ya Dizaini? Jipange Hivi, na Usilipe Mtu

Ujumbe umeingia: fika Alhamisi saa nne asubuhi, mahojiano ya kazi ya dizaina wa grafiki. Hongera! Sasa una siku chache na labda elfu mbili kwa simu. Hizo siku na hiyo pesa utazitumia wapi? Tuanze na pesa, kwa sababu ndiyo inayowindwa kwanza.

Hakikisha kazi ipo

Matapeli wanajua kwamba anayetafuta kazi ana haraka. Wanakuita mahojiano, halafu wanadai pesa ya "usajili", ya "mafunzo" au ya "kushikilia nafasi". Kiasi huwa kidogo makusudi, mia tano au elfu moja, ili ujiambie, "Wacha nitume tu nisikose." Usitume. Mwajiri wa kweli hakulipishi ndio akuhoji.

Kabla hujajibu, fanya haya:

- Tafuta nambari ya ofisi wewe mwenyewe, upige uulize kama mahojiano yapo. Usipige ile iliyo kwenye ujumbe.
- Ukiombwa kulipa, angalia jina linalotokea kabla hujathibitisha. Kampuni inayotaka pesa iende kwa nambari ya mtu binafsi, hapo simama.
- Usimpe yeyote PIN yako wala msimbo uliotumwa kwa simu yako. Hakuna mahojiano yanayohitaji PIN.
- Usidanganywe na nembo nzuri. Wewe ni dizaina, unajua kunakili nembo ni kazi ya dakika mbili.

Gharama halali zipo, lakini zina njia yake. Cheti cha tabia njema, kwa mfano, unakiomba na kukilipia mwenyewe kwenye eCitizen. Hakilipiwi kwa "HR" wa WhatsApp.

Kazi chache, kila moja na sababu yake

Kazi nane hadi kumi zinatosha kwa potifolio. Anza na iliyo kali zaidi, malizia na nyingine kali. Kwa kila moja, uwe tayari kueleza mambo manne: mteja alitaka nini, nani angeiona, uliamua nini na kwa nini, na matokeo yalikuwaje.

Chukua kazi ndogo kabisa: bango la Till la duka la mtaani. Wengi wangeionea aibu, lakini inaweza kukupa kazi. Mteja amesimama hatua mbili kutoka kaunta, mkono mmoja una mkate na mwingine una simu. Anachotafuta ni nambari. Kwa hivyo nambari ndiyo inakuwa kubwa kuliko vyote, imegawanywa kwa mafungu ili asiikosee, na kwa fonti ambayo 1 na 7 hazifanani. Chini yake unaweka jina lilelile litakalotokea kwa simu yake, ili alinganishe kabla ya kuthibitisha malipo. Maandishi meusi juu ya rangi nyepesi, ndio yasomeke hata taa zikipotea. Ukieleza hivyo kwa dakika mbili, wanaokuhoji wataona kwamba unamfikiria mtumiaji, na hilo ndilo wanalotafuta.

Hujawahi kupata mteja? Chagua biashara ya mtaani kwenu, uitengenezee kitu, na useme wazi kwamba ni kazi ya mazoezi. Kazi mliyofanya wengi, taja sehemu yako peke yake. Swali la pili au la tatu huwa linamfichua aliyebeba kazi ya mwenzake.

Maswali ya mezani

Tarajia ya kiufundi. RGB ni ya skrini, CMYK ni ya wino. Picha ya kuprinti kwa kawaida inatakiwa iwe na dpi 300 kwa ukubwa wake halisi, na kazi inayokatwa huongezewa milimita 3 za rangi kila upande ili isibaki na mstari mweupe. Nembo huchorwa kwa vekta ili isiharibike ikitoka kwenye kadi ikaenda kwenye bango la barabarani.

Wanaweza pia kuuliza, "Mteja akikataa kazi yako utafanya nini?" Jibu kwa mfano halisi: ulimuuliza ni kipi hasa hakikumfaa, ukabadilisha nini, ukatetea nini.

Wakikupa jaribio la saa moja au mbili, ni kawaida. Lakini wakitaka kampeni nzima ya bidhaa yao, pamoja na faili za kuhariri, bila malipo, uliza kwa heshima kazi hiyo itatumika wapi na italipiwa vipi. Tuma PDF ya ubora wa chini, faili asili ibaki kwako.

Panga bajeti ya siku yenyewe

Tenga nauli ya kwenda na kurudi kwanza, uiache bila kuguswa. Kisha printi kazi zako tano bora pekee, na uulize bei kwa maduka mawili au matatu. Weka potifolio yote kwenye simu kama PDF inayofunguka bila intaneti. Usitegemee Wi-Fi ya wenyewe. Koti unaweza kuazima kwa rafiki. Usichukue mkopo wa simu kununua nguo ya siku moja.

Swali la mshahara litakuja, kwa hivyo piga hesabu yako nyumbani: kodi ya nyumba, chakula, nauli, bando. Ukitajiwa kiasi, uliza kama ni kabla ya makato. Kwa mshahara wa shilingi 50,000, SHIF ya asilimia 2.75 ni 1,375 na ushuru wa nyumba wa asilimia 1.5 ni 750. Hapo bado NSSF na PAYE.

Kama tayari umetuma pesa

Usikae ukisubiri "HR" apige. Piga huduma kwa wateja mara moja ukiwa na nambari ya muamala, kwa sababu pesa ikishatolewa kwa wakala, kuirudisha ni vigumu sana. Hifadhi jumbe zote, na upige ripoti kituo cha polisi.

Na Alhamisi ikifika, fika mapema, simu ikiwa na chaji na nauli ya kurudi ikiwa bado imo. Kila la heri.